Damu Haina Masikio

Siku hizi hapa Watamu kila mtu ana mababu damuni. Mgeni anaketi mkekani ufukweni, anafunga macho, anapumua, anaambiwa kumbukumbu za wazee wake zimelala mwilini na zitaamka zenyewe. Hiyo ni biashara, sina shida nayo sana. Shida yangu ni vijana wenzangu wa Kigiriama wanaoirudia kwenye simu zao: ati hatuhitaji kufundishwa, mababu tunao ndani.

Mimi niliacha chuo mwaka wa pili, sina shahada ya kumtisha mtu. Lakini hili nalikataa, manake linatugharimu.

Wanaopenda sayansi watanitajia Uholanzi, njaa ya mwaka 1944 na 1945. Ni kweli, watoto waliokuwa tumboni wakati ule walichunguzwa walipokuwa watu wazima, na miili yao ilionekana kubeba alama za njaa ile. Sawa. Lakini alama ni alama. Hakuna mtoto aliyezaliwa akijua jina la nyanya yake au mpaka wa shamba lao.

Na wazee wetu hawakuiamini damu hata siku moja. Angalia walivyopanga mambo. Mtu akifa anakuwa koma, na koma anadai. Anakuja ndotoni, anataka akumbukwe. Akiwa alikuwa mwanachama wa Gohu, anachongewa kigango: mti mgumu unaodumu, umekatwa nakshi, unasimamishwa bomani, unamwagiwa mnazi, jina linatajwa. Mwana wa kwanza anapewa jina la babu yake mzaa baba. Yote hayo ni kazi, na ni kazi ya watu walio hai. Ingekuwa kumbukumbu inajiendesha yenyewe damuni, koma angehitaji kumsumbua nani usingizini?

Sasa hebu tuipime hiyo nadharia ya damu kwa vigango hivyo hivyo. Viliibwa kwa mamia, vikauzwa kwa wafanyabiashara wa vinyago, vikaishia Marekani. Makavazi ya Denver yalipokea vyao mwaka 1990 kutoka kwa watu wa Hollywood, mmoja wao Gene Hackman, mwigizaji. Vilirudishwa Kenya mwaka 2019, vigango 30. Tunapenda kuwalaumu Wazungu, na walaumiwe. Lakini aliyeingia bomani usiku na kung'oa mti, mara nyingi alikuwa nani? Kijana wa hapa hapa, hana kazi, ameahidiwa pesa kidogo. Damu ya Kigiriama alikuwa nayo tele. Haikumwambia kitu.

Na vilivyopatikana vilipatikanaje? Mwaka 1985 mwanaanthropolojia Monica Udvardy alimpiga picha mzee mmoja karibu na Kaloleni, amesimama mbele ya vigango vyake viwili. Baadaye vikaibwa. Mwaka 1999 Udvardy akakiona kimoja kwenye picha ya makavazi ya Illinois, akakitambua. Cha pili kilikuwa Virginia, Chuo Kikuu cha Hampton. Mwaka 2007 vikarudi kwa familia. Vilirudi kwa sababu kulikuwa na picha, kulikuwa na mtu aliyeangalia vizuri, na familia ilikuwa bado inajua ni vya nani.

Najua kuna anayeniuliza: na wale waliokatwa kabisa? Waliouzwa utumwani, hawana kaya wala ukoo wa kuuliza, si damu ndiyo iliyobaki? Swali zuri. Basi nenda Frere Town, Mombasa, palipoanzishwa mwaka 1875 kwa ajili ya watumwa waliokombolewa. Watu wale walikuja na karibu bure. Wakatundika kengele. Mpaka leo mahali panaitwa Kengeleni, na matatu zinapita hapo kila dakika. Hata asiye na ukoo alitafuta kitu cha kushika na jina la kuita.

Lililonifanya niandike ni hili. Kaunti yetu ya Kilifi, mzee mwenye mvi anaweza kuitwa mchawi na kuuawa, na ukichimba kidogo chini ya huo uchawi unakuta shamba. Huko Ganze kuna Kaya Godoma, mahali wazee wanapokimbilia ili wasiuawe na watu wao wenyewe. Mara nyingi anayewatishia ni mtoto au mjukuu. Kwa nadharia ya damu hatujapoteza kitu, si kila walichojua kiko ndani yetu? Kumbe mzee akifukiwa anaondoka na majina ya miti, na nani alimpa nani kipande gani cha ardhi, na wimbo wa kuvunia. Anayemuua kwa ajili ya shamba anamuua shahidi wa shamba hilo hilo.

Kwa hivyo ukitaka mababu, usifumbe macho. Panda matatu uende kwa hawe wako kabla ya Jumapili. Beba sukari. Muulize aliyemzaa aliitwa nani, na aliyemzaa huyo. Muulize mpaka uko wapi, uende naye kwa miguu hadi kwenye mti wenyewe. Rekodi kwa simu hiyo hiyo unayoandikia mambo ya damu. Na jirani akianza kunong'ona kwamba bibi yule ana uchawi, simama mlangoni kwake.