Nyumba ya Rehani Isiuzwe Gizani

Mji mdogo wa Ngaramtoni, ulio kando ya barabara ya Arusha kwenda Namanga, haupungukiwi na watu wa kukopa. Mchuuzi wa gulioni, mkulima wa mahindi na maharage katika miteremko ya Mlima Meru, na mwenye lori la mizigo, wote hufika benki, na wote huulizwa swali moja: una hati gani? Kwa hiyo shauri la nyumba na mashamba yanayouzwa kwa ajili ya deni si shauri la matajiri wa mjini peke yao.

Tuseme kwanza lililo haki. Fedha inayokopeshwa ni akiba ya wananchi wengine, na dawa ya deni ni kulipa. Baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967 mabenki yalifanywa mali ya umma, na madeni mengi yakalimbikizana, hata mwaka 1991 ikabidi kiundwe chombo maalumu cha kuyakusanya. Hasara ya namna ile haifai kurudiwa.

Lakini Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999, iliyorekebishwa mwaka 2004 na 2008, ilipomruhusu mkopeshaji kuuza rehani bila kwenda mahakamani, ilimwekea pia masharti. Hana budi kumpa mdaiwa notisi ya maandishi inayoeleza deni ni lipi na lawezaje kurekebishwa, na kumpa siku 60 tangu aipokee. Auzapo, yampasa kutafuta bei nzuri kadiri iwezekanavyo. Bei ikipungua kwa asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya soko, huchukuliwa kuwa wajibu huo umevunjwa, mpaka yeye athibitishe vingine. Nyumba ya familia haiwekwi rehani pasipo ridhaa ya mwenzi wa ndoa, jambo ambalo Sheria ya Ndoa ilikwisha kulilinda tangu mwaka 1971. Nayo Sheria ya Madalali yataka mnada wa ardhi utangazwe siku 14 kabla, si kwa karatasi tu, bali hata kwa kupiga ngoma, ili asiyejua kusoma naye apate habari.

Masharti hayo ni mema. Udhaifu uko katika wakati. Nyundo ya dalali ikishagonga, sheria humlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema. Mdaiwa aliyeonewa hubaki kudai fidia kwa aliyeuza. Shamba halirudi. Tena mahakama, tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufani uliochapishwa mwaka 1995, hazipendi kuingilia uuzaji wa rehani isipokuwa pamethibitika hila au njama na mnunuzi. Basi mwenye kulalamika na alalamike ndani ya siku 60, wala asingoje kuona wageni wakipima ua wake.

Msomaji wa Unguja na Pemba atauliza haya yanamhusu nini. Yanamhusu. Shughuli za benki ni jambo la Muungano, bali ardhi siyo. Benki ile ile inayokopesha Arusha na Mjini Unguja hukuta sheria mbili za ardhi, maana Visiwani inatumika Sheria ya Umilikaji Ardhi ya mwaka 1992. Mzanzibari aliyenunua nyumba Bara, au anayemdhamini ndugu yake wa Bara, asidhani kuwa ajuayo ya kwao yatamfaa huku.

Kwa maofisa wa serikali tunayo mambo matatu. Kwanza, notisi ya deni iandikwe kwa Kiswahili. Ikiwa tangu mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya sheria na mahakama, barua inayomwondoa mtu nyumbani kwake haina udhuru. Pili, nakala ipelekwe kwa serikali ya kijiji au mtaa, ili pasiwe na mnada unaojulikana kwa dalali na mnunuzi peke yao. Tatu, ridhaa ya mke au mume ichukuliwe mbele yake mwenyewe, wala isitoshe sahihi iliyoletwa mfukoni na mkopaji.

Benki inayofuata njia hiyo haipotezi kitu, kwa kuwa mauzo yaliyofanywa mchana kweupe ni vigumu kuyapinga mahakamani. Anayeumia ni yule tu aliyekusudia kununua kwa bei ya kutupa.