Mgonjwa Si Mzigo wa Buti

Mara nyingi katika ukurasa huu tumezungumza juu ya dawa, chanjo na chakula bora. Leo tunataka kuzungumza juu ya basi. Huenda mtashangaa, basi linahusu nini na afya? Linahusu sana. Dawa iliyopo Mikumi haimsaidii mgonjwa aliyekwama Ulaya au Zombo akingoja gari.

Tuliwahi kumwona mama mmoja katika stendi ya Kilosa. Alikuwa na mtoto wa miaka saba mwenye mtindio wa ubongo, na kiti chake cha magurudumu. Gari la kwanza lilimwacha kwa sababu kiti kingechukua nafasi. Kondakta wa gari la pili alitaka nauli ya kiti pia. Mama hakuwa nayo. Alipata gari la tatu saa sita mchana, na siku ile hakuwahi kliniki. Abiria tulikuwa wengi pale, na wote tulinyamaza. Aibu ile ni yetu pia, si ya makondakta peke yao.

Tusiwaonee makondakta. Jioni tajiri anadai hesabu yake, na kila dakika gari linaposimama ni hasara. Lakini hesabu haiwezi kuwa juu ya utu. Sheria ya Watu Wenye Ulemavu, Na. 9 ya 2010, inatambua haki yao ya kutumia huduma za umma kama watu wengine. Kiti cha magurudumu ni miguu ya mwenyewe. Nani kati yetu amewahi kulipia nauli ya miguu yake?

Basi tufanye nini? Kwanza, tupange safari ya mgonjwa mapema. Chukueni namba ya simu ya dereva mnayemwamini, mwelezeni jana yake kwamba kuna mgonjwa au mtu asiyeweza kutembea. Pandieni stendi gari linapoanzia, maana pale linangoja abiria na kuna nafasi ya kuchagua siti ya mbele, isiyorusha sana. Njiani gari huwa limejaa na kila mtu ana haraka. Kutoka Kilosa hadi Mikumi ni zaidi ya kilomita 70. Wakati wa masika ongezeni saa, au mgonjwa alale kwa ndugu karibu na hospitali.

Pili, bodaboda. Imetusaidia sana kutoka vijijini hadi barabarani, hatuwezi kuikana. Lakini mgonjwa aliyelegea asipakiwe mshikaki, katikati ya dereva na ndugu anayemshika. Aliyeanguka na kuumia shingo au mgongo asikalishwe kabisa juu ya pikipiki; alazwe kwenye ubao, asikunjwe, litafutwe gari. Aliyevunjika mguu afungwe kwa vijiti vilivyonyooka, kupita kiungo cha juu na cha chini ya jeraha, bila kukandwa wala kuvutwa.

Tatu, akina mama wajawazito. Dalili hizi hazingoji basi la asubuhi: kutokwa damu, kichwa kuuma sana na kuona maruweruwe, kuvimba uso na mikono, degedege, chupa kupasuka kabla ya uchungu, au mtoto kuacha kucheza tumboni. Hapo pigeni simu 115, namba ya mpango wa m-mama, ambao Serikali ilianza kuusambaza nchi nzima mwaka 2022. Simu hiyo ni ya bure. Mpokeaji hutafuta gari la wagonjwa. Likikosekana, humwita dereva wa kawaida aliyeandikishwa, naye hulipwa na mpango, si na familia. Huduma hiyo ni ya wajawazito, waliojifungua karibuni na watoto wachanga. Kila baba wa familia aijue namba hiyo kwa kichwa, asianze kuitafuta usiku wa manane.

Wagonjwa wengine wote, wa mguu, wa kifua, wa saratani, wanabaki mikononi mwetu. Tangu mwaka 2024 treni ya umeme inasimama Kilosa, na aliyepewa rufaa ya Dodoma au Dar es Salaam anaweza kusafiri bila kurushwarushwa. Lakini treni haifiki mlangoni kwake. Kipande kile cha kijijini hadi stesheni au stendi ndicho kinachowashinda wengi, nacho si kirefu.

Maoni yetu ni haya. Kila jumuiya ndogo ndogo iwe na mfuko wa nauli ya wagonjwa, hata kama ni wa shilingi mia mia kila wiki. Iwe na orodha ya madereva wawili au watatu waliokubali kuitwa usiku. Tunachanga kwa wingi mtu akiisha kufa, na magari ya kumsindikiza makaburini hayakosekani. Je, hatuwezi kuchanga kidogo angali hai?

Na siku mtakapokuwa stendi, mkamwona mama na mtoto wake wanaachwa, msinyamaze kama tulivyonyamaza sisi. Sogeeni, mpisheni, shikeni kiti kile mkipandishe garini.