Karani Aliyeota Fizikia

BARAZANI
Na Salim Mwinyihaji

Aghalabu mwanachuoni akitakiwa awaeleze watu wa kawaida ilimu yake hutumbukia katika taksiri moja kati ya mbili: ama huwarudishia yale yale ya darasani pamoja na istilahi zake zote, kisha akawalaumu kwa kusinzia, ama huipunguza ilimu yenyewe hata ikabaki ngano tupu isiyo na kanuni ndani yake. George Gamow, mwanafizikia aliyezaliwa Odessa mwaka 1904, alisalimika na yote mawili, na jinsi alivyosalimika ndiyo nitakayo kuieleza leo.

Wako wanaodhani kwamba anayeuandikia umma ni yule aliyeshindwa na wenziwe katika fani. Basi na wajue kuwa ni Gamow aliyefafanua, mwaka 1928, jinsi chembe za alfa zinavyotoka katika kiini cha atomu ilhali, kwa hesabu za kale, hazina nguvu ya kukivuka kizuizi kilichozizunguka.

Katika kitabu chake cha Mr Tompkins in Wonderland yumo karani wa benki, mtu mpole asiye na makuu, ambaye huhudhuria mihadhara ya fizikia, usingizi ukamchukua, akaota. Huko ndotoni kanuni za maumbile ni zile zile. Kilichogeuzwa ni vipimo tu. Nuru, ambayo kwetu hukata takriban kilomita 300,000 kwa sekunde moja, kule huenda polepole kiasi cha mpanda baiskeli kuweza kuikaribia kasi yake, na kwa hivyo mambo ambayo Einstein aliyafikia kwa hisabati mwaka 1905 karani huyakuta barabarani: mpanda baiskeli apita amebanwa mwembamba, na stesheni ashuka bwana wa makamo, akalakiwa na bibi kizee amwitaye babu, kwa kuwa wingi wa safari umemchelewesha kuzeeka. Katika ndoto nyingine kilichokuzwa ni kiwango cha Planck, kinachotawala mambo ya atomu, na simbamarara mmoja huonekana kana kwamba ni kundi zima, mwindaji asijue alenge wapi. Hata herufi za jina la karani, C. G. H., ni alama za viwango vitatu: kasi ya nuru, mvutano, na hicho cha Planck.

Wahakiki wanayo hoja. Mwaka 1959 James Terrell na Roger Penrose, kila mmoja kwa njia yake, walibainisha kwamba kitu kiendacho kwa kasi namna ile, ijapokuwa kweli hufupika, kwa macho kisingeonekana kimebanwa bali kama kilichogeuzwa upande, kwa sababu nuru itokayo sehemu zake mbalimbali haianzi safari wakati mmoja hata ikafika jichoni pamoja. Yule mpanda baiskeli, basi, hakuchorwa sawasawa. Mimi naliona hilo kuwa ni fadhila ya kitabu: picha iliyo dhahiri hata ikaweza kukosolewa yamfaa msomaji zaidi ya maneno ya ukungu ambayo hapana awezaye kuyasahihisha, na vitabu vya namna hiyo, Mungu atunusuru, ni vingi.

Nao wahariri hawakumpokea kwa mikono miwili. Magazeti ya Marekani yaliikataa hadithi yake ya kwanza, ikakaa hadi mwanafizikia Charles Darwin, mjukuu wa yule mashuhuri, alipomshauri aipeleke Cambridge kwa C. P. Snow, mhariri wa jarida la Discovery, aliyeichapisha mwaka 1938. Mwaka 1956 UNESCO ikamtunukia Gamow tuzo ya Kalinga kwa kueneza sayansi.

Mwaka 1999 Russell Stannard alitoa chapa aliyoirekebisha kwa maarifa ya zama hizi, na kazi yake ni ya insafu. Lakini wewe usiyepata kumjua karani huyu, anza na kitabu cha Gamow mwenyewe, makosa yake yakiwemo, ndipo ukifuate cha Stannard.