Mazungumzo ya Jioni: Mzee Atakaye Kuogelea Asiende Peke Yake

Mwezi huu twataka kunena habari za wazee na maji. Jambo lenyewe lilianza nyumbani kwetu, kando ya Ziwa Nyasa, nasi hatukujionyesha vema katika jambo hilo. Basi ni afadhali tuliseme wenyewe kabla halijasemwa na majirani.

Mjomba wetu ni mvuvi. Tangu ujana wake alikuwa na neno moja moyoni, kwamba siku moja ataogelea toka ufuoni petu hata kisiwa kidogo kielekeacho kijiji, mwendo wa maili mbili hivi. Ujanani hakupata nafasi. Palikuwa na nyavu, na watoto, na karo za shule, na msiba juu ya msiba. Mwaka juzi, hali amekwisha kupita miaka sitini, alituambia jioni moja baada ya chakula, "Wajomba, sasa nataka kwenda kisiwani kwa mikono yangu." Nasi tukacheka. Mmoja akamwuliza kama anataka kuwapelekea mamba kitoweo. Mwingine akasema kwamba kazi ya mzee ni kupumzika. Na sisi tuitwao walimu ndio tuliocheka kwa sauti kubwa kuliko wote. Mzee akanyamaza, akanawa mikono, akaenda kulala.

Siku ya nne, alfajiri, aliingia majini bila kumwambia mtu. Upepo wa Mwera ukainuka, na mawimbi yakamrudisha nyuma kila alipokwenda mbele. Wavuvi waliokuwa wakirudi na usipa wakamkuta amelala chali juu ya maji, akipumzisha mikono, wakamtia mtumbwini. Tulipoanza kumgombeza alitujibu neno moja tu: "Je, mngekuja nami?"

Hatukuwa na jibu. Tulidhani kwamba kwa kumcheka tumemzuia, kumbe hatukumzuia hata kidogo. Tulimwondolea wenzake tu. Tangu siku ile tukaanza kutafuta habari za watu wazima walioogelea mwendo mrefu baharini, tupate kujua walifanyaje. Habari moja ndiyo iliyotufundisha zaidi, nayo ni ya Bibi Diana Nyad wa Marekani.

Bibi huyu alizaliwa mwaka 1949, akakulia Fort Lauderdale, pwani ya Florida. Asimulia mwenyewe kwamba alipokuwa mtoto mama yake alimwonyesha kwa kidole upande iliko Kuba, akamwambia ni karibu hata mtu aweza kuogelea akafika. Lakini si karibu. Toka Havana hata Key West, kisiwa cha Florida, ni kama maili 110, yaani kilometa 177. Wale wajuao safari ya jahazi toka Bagamoyo hata Unguja na waizidishe kama mara nne, ndipo watakapofahamu.

Mwaka 1978, akiwa na miaka 28, aliingia majini kule Kuba, ndani ya tundu la chuma la kumkinga na papa. Baada ya saa 41 na zaidi, upepo na mawimbi yalikuwa yamemsukuma mbali na njia yake, akatolewa. Mwaka 1979 aliogelea toka Bimini katika visiwa vya Bahama hata Florida, maili 102. Kisha akaacha. Kwa muda wa miaka thelathini hivi hakuogelea tena mwendo mrefu, akafanya kazi ya kutangaza habari za michezo katika redio na televisheni.

Mama yake alifariki mwaka 2007. Yule binti naye alikuwa akikaribia miaka sitini, akaanza kuhesabu miaka iliyombakia, kama mtu ahesabuye nafaka ghalani wakati wa kiangazi. Akaona kwamba lile neno la zamani halijafa. Akarudi majini, akajizoeza upya. Mwaka 2011 alijaribu mara mbili, na mwaka 2012 mara moja, na mara zote tatu alishindwa. Mara ya kwanza ilikuwa maumivu ya bega na pumu. Mara ya pili ilikuwa konyeza, wale wanyama laini kama uteute wanaoelea baharini, ambao mikia yao huunguza. Na wa bahari ile wako wenye sumu iwezayo kumwua mtu. Mara ya tatu konyeza walimjia tena, pamoja na dhoruba.

Mara ya tano ya safari hii aliondoka Havana asubuhi ya tarehe 31 Agosti 2013, bila tundu la chuma. Tarehe 2 Septemba, baada ya saa 53 hivi majini, alitoka akitembea kwa miguu yake mchangani Key West, midomo imevimba kwa chumvi. Umri wake ulikuwa miaka 64.

Hapa ndipo twataka wasomaji wasimame kidogo. Watu wengi wakisikia habari hii husifu mikono yake na moyo wake, na ni haki. Lakini sisi tuliuliza swali la mjomba: ni nani waliokwenda naye? Tukaona kwamba walikuwa kama watu 35, katika vyombo vitano. Bibi Bonnie Stoll, rafiki yake wa miaka mingi, ndiye aliyemwongoza, akimtazama usiku na mchana na kumwambia wakati wa kula. Bwana John Bartlett alikuwa rubani. Kazi yake ilikuwa ngumu, maana kati ya Kuba na Florida hupita mkondo mkubwa uitwao Gulf Stream, uendao upande wa mashariki, na mahali pengine huenda kwa kasi kuliko mtu awezavyo kuogelea. Rubani asipopima vema, muogeleaji hupiga maji mchana kutwa na pwani isimkaribie. Bwana huyo alifariki mwezi wa Desemba mwaka ule ule. Aliwahi kuiona kazi yake ikitimia. Daktari Angel Yanagihara wa Hawaii, mtaalamu wa konyeza, alikuwapo kumlinda na sumu yao. Palikuwa na wapiga mbizi waliowaangalia papa, na usiku palikuwa na taa nyekundu za kumwonyesha njia. Alipofika pwani alisema mwenyewe kwamba kuogelea huonekana kuwa kazi ya mtu mmoja, lakini ni kazi ya kundi.

Hata hivyo haifai tuwafiche wasomaji upande wa pili wa habari hii. Safari ile haikupata kuthibitishwa na wasimamizi wa mchezo huu. Walisema kwamba daftari za mashahidi hazikutimia, na kwa muda wa saa kadhaa habari hazikuandikwa sawasawa. Tena walisema kwamba watu walimgusa walipokuwa wakimsaidia kuvaa mavazi ya kumkinga na konyeza, na kwamba kanuni za safari hazikutangazwa mapema. Mwaka 2023, ilipotoka sinema ya maisha yake, jambo hili liliangaliwa tena, na kwa mara nyingine halikuthibitishwa. Sisi hatusemi kwamba alidanganya. Yeye na wenzake wameshuhudia kwamba aliogelea njia yote. Lakini angalieni hasara ilivyo: mtu amefanya kazi ya miaka thelathini na mitano, na kwa kukosa kurasa chache zilizoandikwa vema, watu wabishana habari zake mpaka leo.

Mfano wa kinyume chake tumeupata Afrika Kusini. Bwana Otto Thaning, daktari wa kupasua moyo, aliogelea mwaka 2014 toka Uingereza hata Ufaransa, naye alikuwa na miaka 73. Mlango ule wa bahari una maili 21 mahali ulipo mwembamba, na maji yake ni baridi kuliko yetu. Matthew Webb, mtu wa kwanza kuuvuka kwa kuogelea, mwaka 1875, alitumia saa 21 na dakika 45. Huyu mzee alitumia saa zisizotimia 13. Na hakuna ubishi juu yake. Kwa nini? Kwa sababu kule ni desturi kwamba atakaye kuandikwa hufuatwa na chombo chenye mwangalizi. Mwangalizi huandika saa, na upepo, na chakula alichokula. Muogeleaji hupewa chakula chake majini, wala hana ruhusa kushika chombo. Akikishika, safari imekwisha, hata ikiwa pwani imebaki hatua mia.

Basi tumejifunza kwamba wale waendao na mzee wana kazi tatu: kumwonyesha njia, kumlisha, na kuwa mashahidi wa kweli. Asiye na watu hao, hata akiwa na nguvu za kijana, maji yatamshinda. Na hata asiposhindwa, hakuna atakayejua.

Tulimwendea mjomba, tukamwomba radhi mbele ya watoto, maana tulimcheka mbele yao. Akatusamehe, akatupa kazi siku ile ile. Mwaka mzima alijizoeza kando ya ufuo, mahali tulipoulizia kwanza kwa wavuvi habari za mamba. Alikwenda kwa mganga wa hospitali kupimwa moyo. Tukangoja Mwera upite. Mwezi wa Novemba uliopita, siku ziwa lilipokuwa shwari, aliingia majini, nasi tukafuata kwa mtumbwi. Sisi tulipiga kafi, na mjukuu wake, msichana wa darasa la sita, alishika saa na daftari. Kila baada ya muda tulimpa uji katika kibuyu kilichofungwa kwenye ncha ya upondo, asije akatugusa.

Alikwenda vizuri kupita nusu ya njia, na kupita robo ya tatu. Tulikwisha kuona mawe ya kisiwa na ndege waliotua juu yake. Ndipo mikono ikamlegea. Alijaribu mara mbili tatu, kisha akashika ukingo wa mtumbwi.

Tulinyamaza sote. Msichana, kwa mapenzi yake, akasema, "Babu, imebaki kidogo tu. Niandike umefika?" Mzee alikuwa akitweta, lakini alijibu upesi: "Andika saa niliyoshika mtumbwi. Siku nitakayofika, utaandika nimefika." Msichana akaandika hivyo, na daftari iko nyumbani kwetu, kila mtu aweza kuisoma.

Wapenzi, katika nyumba zenu yuko mtu wa namna hii. Labda hataki kuogelea. Labda ataka kujifunza kusoma, au kushona, au kwenda kuliona kaburi la mama yake katika nchi ya mbali. Atalisema neno lake jioni moja, baada ya chakula, kwa sauti ndogo. Msimcheke. Mkiona hatari, mwambieni hatari yenyewe, kisha mketi naye kupima njia. Ikiwa haiwezekani, atajua kwamba mmelipima neno lake kwa haki.

Mjomba amerudi kujizoeza. Nasi twajizoeza kupiga kafi, maana alitugombeza sana kwamba tulimpeleka upande, na kwamba kwa ajili yetu aliogelea njia ndefu kuliko iliyompasa. Tuliitazama daftari, tukaona asema kweli.

Tukijaliwa, tutawaandikia yatakayotokea. Wasalaam.