Si Wizi, ni Takhmisa

Neno "mwizi" limekuwa jepesi mno vinywani mwetu. Zamani mtu hakulitamka mpaka aone kuku kafichwa kwapani. Leo tunamvisha kijana yeyote tuliyemkuta ameinamia simu iliyofunguliwa, mradi tu hatuelewi anachokifanya. Nimelisikia likisemwa hata katika mabaraza ya washairi, tena na watu ninaowaheshimu: kwamba vijana wanaovunja kufuli za simu zao wakaigeuza michezo iliyomo ndani ni wezi wa jasho la wengine, na kwamba ushairi hauna la kuzungumza nao. Mimi nakusudia kusema kinyume, na shahidi wangu wa kwanza ni huo huo ushairi.

Niwaeleze kwanza nasimama wapi. Mimi ni mtu wa bara, wa Singida, mkoa ambao ndugu zangu wa visiwani huujua kwa alizeti, kuku na upepo. Sikusomeshwa arudhi wala tafsiri, nilijisomea. Huenda ndiyo sababu nawaelewa mafundi simu wa mji huu upesi kuliko wanavyoeleweka na waliosomeshwa, maana nao walijifunza kwa kufungua, kuharibu, na kufungua tena.

Tuanze na jambo lenyewe, kwani nusu ya ugomvi huu yatokana na kutolijua. Kampuni ya Apple ilipoitoa iPhone mwezi Juni 2007, mnunuzi hakuruhusiwa kutia humo programu yoyote isiyokuwa ya kampuni. Duka lao la programu lilikuja mwaka uliofuata. Mwaka 2007 haukuisha ila watu walikwisha kuipenya, na mwaka 2008 Jay Freeman akatoa Cydia, duka la pembeni kwa simu zilizofunguliwa. Kitendo hicho Kiingereza kilikiita kuvunja gereza. Kwa simu za Android neno ni jingine: huitwa kuufikia mzizi. Tazama, msomaji, lugha inavyotoboa siri za wenyewe! Kule simu ni gereza, na mfungwa si mwingine ila yule aliyeilipia. Huku simu ni mti, na mwenye mti kapewa majani akanyimwa shina. Mafundi wa hapa hawana habari ya gereza, kwani iPhone kwetu ni chache. Zilizojaa ni Tecno, Infinix, Itel na Samsung, nao husema tu kuflashi na kuruti, basi.

Mchezo wa simu ya Android ni kifurushi cha mafaili yaliyobanwa pamoja: picha, sauti, maneno, hesabu. Kifurushi hicho hutiwa saini ya mtengenezaji. Anayekifungua akageuza kitu ndani yake hawezi kukirudisha na saini ile ile. Hulazimika kutia saini yake mwenyewe, na simu hukitambua kuwa si kile cha kwanza. Ama sarafu za mchezo, mambo ni mawili. Katika mchezo usiohitaji mtandao, idadi ya sarafu ni tarakimu iliyoandikwa katika faili lililomo ndani ya simu, katika chumba ambacho mwenye simu hana ufunguo wake. Aliyeufikia mzizi huingia, akaifuta 50 akaandika 50,000. Katika mchezo wa mtandaoni tarakimu hiyo huwekwa katika seva ya kampuni, na hata uigeuze simu juu chini huipati. Kwa hiyo kile ambacho mshtakiwa wetu amekigusa, mara nyingi, ni tarakimu iliyolala mfukoni mwake.

Chukueni Candy Crush Saga, iliyotolewa na kampuni ya King mwaka 2012. Mchezaji hupewa roho tano. Zikiisha, husubiri nusu saa kwa kila roho moja irudi, au aombe kwa marafiki, au alipe. Watoto waligundua mapema kwamba ukiisogeza mbele saa ya simu, roho zinarudi zenyewe. Mtoto kaidanganya saa yake, na sisi tunaitana barazani kujadili maadili ya vijana. Aliyebuni foleni ya nusu saa ili watu wachoke kusubiri walipe, huyo hatukumjadili. Ubelgiji walimjadili ndugu yake: mwaka 2018 wakuu wa huko walitamka kwamba yale masanduku ya bahati yanayouzwa ndani ya michezo ni kamari, na yakaondolewa. Nasi tuna mkulima wa alizeti wa Ikungi ambaye hana kadi ya benki ya kulipia roho hizo hata akitaka, na mwanawe ndiye tunayemwita mwizi.

Sasa naja kwenu wapenzi wa tungo, maana nyinyi ndio niliowakusudia.

Mwajua takhmisa ni nini. Mshairi huchukua utungo wa mwenzake, akatanguliza mishororo yake mitatu mbele ya miwili ya mwenyewe, ikawa mitano. Hakumwomba ruhusa, aghalabu mwenyewe alikwisha kuzikwa zamani. Takhmisa ya Liyongo, inayonasibishwa na Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, ndiyo iliyotuhifadhia maneno ya Fumo Liyongo, na hajatokea mtu akasema Sayyid Abdalla aliiba. Twasema aliheshimu. Kwa nini? Kwa sababu maneno ya Liyongo yamo, jina la Liyongo limo, na yaliyoongezwa yanaonekana kuwa yameongezwa. Yule kijana naye, kifurushi chake kinabeba saini yake, na mchezo bado unaitwa kwa jina lake la asili. Nionyesheni tofauti.

Mtaniambia: Liyongo alikuwa marehemu, na kampuni zi hai. Haya. Tuingie katika taarabu. Marehemu Juma Bhalo wa Mombasa alivuma kwa kutia maneno ya Kiswahili katika tuni za filamu za Kihindi, na watunzi wa tuni hizo walikuwa hai, wana majina, wana kampuni. Harusi ngapi za pwani zimechezwa kwa tuni hizo? Mimi sisemi kwamba kosa la jana lahalalisha la leo. Nasema kwamba sisi tuliolizwa na kuchekeshwa na nyimbo zile hatuna mkono wa kumrushia jiwe mtu aliyechukua kitu kigeni akakifanya kiseme kwa ulimi wake. Na mimi niliyeishi kwa kutafsiri ndio sina kabisa.

Nije Singida sasa, ambako hoja hii ina nyama. Kijana wa hapa akiufungua mchezo, kitu cha kwanza atakachogeuza si sarafu. Ni jezi. Mchezo wanaoupenda ni mpira wa Konami, ule wa PES uliotengenezwa kwa mashine ya PSP. Toleo la mwisho la PSP lilikuwa PES 2014, na kufikia mwisho wa mwaka 2014 Sony wenyewe walikwisha kuacha kuiuza mashine hiyo. Mchezo ukaachwa yatima. Lakini mwaka 2012 Henrik Rydgård alikuwa amekwisha kutoa programu ya PPSSPP, inayoiwezesha simu kujifanya PSP, na tangu hapo vijana wa nchi nyingi wamekuwa wakiulea yatima yule: kila msimu huingiza wachezaji wapya, viwanja vipya, jezi mpya. Huku kwetu hutiwa Simba na Yanga, kisha mwenye moyo wa nyumbani akatia timu ya Singida.

Ipi? Hapo ndipo pa kucheka na kulia. Singida United ilishuka daraja mwaka 2020. Mwaka 2022 timu ya DTB ikapanda Ligi Kuu, ikaletwa kwetu na kuitwa Singida Big Stars. Mwaka 2023 ikawa Singida Fountain Gate. Mwaka 2024 ikahamia Manyara, jina la Singida likaachwa njiani, na mwaka huo huo Ihefu ya Mbeya ikabadilishwa ikawa Singida Black Stars. Jezi, jina, na hata mji wa timu, vyote hivyo viligeuzwa na wenye fedha, na mshabiki anayekaa juani uwanja wa Liti hakuulizwa neno. Hakuna aliyewaita wezi. Ila kijana mwenye simu ya mkono wa pili, aliyekesha usiku mzima akipaka rangi jezi ya timu yake ndani ya mchezo ulioachwa na mwenyewe, huyo ndiye mharibifu wa mali za watu!

Sitaki kueleweka vibaya. Wapo ambao siwatetei. Anayetia ujanja katika mchezo wa mtandaoni, akapita kuta na kuwaona wenzake wasimwone, huyo hajaifungua simu yake tu. Ameuvunja mkataba na mtu wa pili aliyeketi upande wa pili wa bao. Hata katika bao la kete 64, kanuni hubadilishwa kabla ya kuanza na kwa mapatano, si katikati ya mtaji mwenzako akiwa ameangalia kando. Anayefuta jina la mtunzi akauza kazi nzima kwa kadi za kumbukumbu sokoni, huyo mwiteni mtakavyo, nami nitaitikia. Anayebadili namba ya utambulisho ya simu, ile IMEI, ametenda kosa chini ya Sheria ya Mawasiliano ya Kielektroniki na Posta ya mwaka 2010, na ni haki liwe kosa, kwani namba hiyo ndiyo inayoitambulisha simu iliyoporwa. Tena vifurushi vilivyogeuzwa na watu wasiojulikana huweza kubeba wadudu wa kupeleleza nywila zako, na simu iliyorutiwa vibaya hugeuka tofali. Fundi mwema hukwambia hayo kabla hajaishika.

Lakini tangu Juni 2016, simu bandia zilipozimwa nchini, kila fundi anayegusa utumbo wa simu hutazamwa kwa jicho moja, na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 hutajwa mbele yake kama fimbo. Sheria ya Hakimiliki ya Bara ya mwaka 1999 na ile ya Zanzibar ya 2003 zilitungwa kabla ya simu hizi kuzaliwa. Marekani, ambako ndiko makao ya Apple, walilitazama jambo hili: mwaka 2010 Mkutubi wa Bunge lao aliamua kwamba kuifungua simu yako ili kuendesha programu ulizozipata kihalali hakuvunji marufuku ya kuvunja kufuli za hakimiliki, ingawa Apple ilipinga, na ruhusa hiyo imekuwa ikihuishwa kila baada ya miaka mitatu hivi. Hawakuruhusu kuiba michezo. Waliruhusu kufungua simu. Waliweza kutenganisha vitu viwili. Je, sisi hatuwezi? Waheshimiwa watunga sheria wa pande zote mbili za Muungano, na wanasheria miongoni mwa wasomaji wa jarida hili, hili ni la kwenu.

La washairi ni jingine, nalo si dogo. UNESCO ilitangaza mwaka 2021 kwamba Julai 7 ni Siku ya Kiswahili Duniani. Tunaisherehekea kwa hotuba na kanga. Siku ya pili yake mtoto anarudi kwenye mchezo unaomsemesha Kiingereza, Kifaransa, Kireno, na hata lugha zenye wasemaji wachache kuliko sisi, na ambao haujui hata kumwambia "umeshinda" kwa lugha ya mama yake. Nani atautafsiri? Kampuni haijatuona. Wataalamu wetu wako warshani. Anayeutafsiri, kwa siri na kwa hofu, ni yule tunayemwita mwizi.

Nimekaa na mmoja wao jioni kadhaa. Hunisalimu "shikamoo mzee" kisha hunipa kazi bila huruma. Katika mafaili ya mchezo ule wa kale kila neno limepewa nafasi yake, na neno jipya halipaswi kuzidi idadi ya herufi za lile la zamani. Likizidi, laligonga linalofuata na mchezo unakwama. Waungwana, hiyo ni mizani! Kijana asiyewahi kutunga ubeti anahesabu kwa vidole kama alivyohesabu babu yangu. "Kuotea" lina herufi sita, la Kiingereza saba, limeingia. "Mlinda mlango" halikutosha, tukatia "kipa". "Mapumziko" lina herufi tisa, na la Kiingereza, pamoja na nafasi ya katikati, lina tisa kamili. Hilo lilimfurahisha mpaka akapiga meza.

Linalotusumbua ni mpira wa adhabu. Nafasi iliyopo ni ya herufi tisa. "Adhabu" peke yake lingeenea, ila wachezaji hulichanganya na penalti, na "faulo" ni kosa lenyewe, si mpira unaopigwa baada ya kosa. Nimepekua kamusi, nimewauliza watangazaji wastaafu, sijaridhika. Nyinyi wa Unguja, Pemba, Lamu na Mombasa mnaoweza kuukaza mshororo mpaka ukalia, mwenye neno lisilozidi herufi tisa na aliandikie jarida hili. Nitamfikishia.