Mtoto anayetaka kuwa Bruce Lee

Mzazi, kama mwanao anarusha mateke sebuleni na kusema atatengeneza sinema za kung fu, usikimbilie kumkataza. Msimulie kwanza habari za Bruce Lee ambazo hazionekani kwenye picha.

Mwaka 1970, Lee aliumia vibaya mgongo akinyanyua vyuma bila kupasha misuli vya kutosha. Kwa masimulizi ya mkewe, Linda, madaktari walisema hatarusha teke tena. Alipumzika kwa miezi, na katika muda huo akajaza madaftari kwa maelezo na michoro ya mapigano. Mwaka 1972 aliandika, akaongoza na kuigiza filamu ya The Way of the Dragon.

Pambano la kwenye filamu hupangwa: nani anapiga, nani anakwepa, nani anaangukia wapi. Hufanyiwa mazoezi polepole kabla ya kamera kuwashwa. Kwa hiyo mpe mwanao daftari aandike pambano lake kabla ya kulicheza. Mtafutie pia mwalimu anayeanza kipindi kwa kupasha misuli na anayefundisha namna ya kuanguka.

Akigonga kichwa, mchezo uishe siku hiyo, hata akisema yuko sawa. Akitapika, akichanganyikiwa, akisinzia kupita kawaida au kichwa kikizidi kumuuma, mwahishe hospitali. Daktari akimwambia apumzike, apumzike kweli. Akipata nafuu, daftari atalikuta, na hadithi yake ataiendeleza hata kabla ya kuruhusiwa kurusha teke.