Soda ya Mgeni: Tuliyojifunza Karatu na Ngorongoro



Wasomaji wetu wa Unguja na Pemba hutuuliza mara kwa mara kuhusu soda. Je, ina pombe? Ina mafuta ya nguruwe? Ile rangi inatokana na nini? Tulikusudia kujibu kwa ufupi kama kawaida yetu, lakini safari yetu ya Karatu na Ngorongoro ilituonesha kwamba suala hili tumekuwa tukiliuliza nusu.

Tulipanda kutoka Mto wa Mbu, tukapita Karatu mjini, ambako kuta za maduka ya barabarani zimepakwa wekundu wa Coca-Cola na ubuluu wa Pepsi, kisha tukavuka geti la Lodoare. Upande wa juu tulikuwa tumealikwa kwenye boma moja la Kimaasai. Mwenyeji wetu alijua kuwa sisi ni Waislamu. Alijua hatunywi pombe, na alichelea kwamba nyama yake huenda tusiile. Basi akamtuma kijana dukani, mwendo wa karibu saa nzima kwenda na kurudi, akaja na chupa sita za soda. Maziwa yalikuwamo ndani kwenye kibuyu. Hakutukaribisha, kwa kuwa aliona kumpa Muislamu aliyetoka mbali maziwa ni kama kumvunjia heshima. Tukanywa soda, tukashukuru.

Tukiwa njiani kurudi, mmoja wetu akauliza: nani amewafundisha watu kwamba kinywaji cha Muislamu ni soda? Tulinyamaza, maana jibu tulikuwa nalo. Ni sisi wenyewe. Kwenye kila shughuli ya mchanganyiko huku bara husemwa: wale wapewe bia, Waislamu wapewe soda. Nasi huridhika, kwa sababu haina pombe.

Ndani ya chupa mna nini?

Tuchukue Coca-Cola, kwa kuwa ndiyo inayojulikana zaidi. Ndani yake mna maji, sukari, gesi ya kaboni, rangi ya karameli, asidi ya fosforiki, kafeini na ladha ambazo kampuni huzifanya siri. Huenda wengi hawajui kwamba asili ya kinywaji hiki ni mvinyo. John Pemberton, mfamasia wa Atlanta huko Marekani, alikuwa akiuza mvinyo uliochanganywa na majani ya koka. Mji wake ulipopiga marufuku ulevi, akauondoa mvinyo, na mwaka 1886 ikazaliwa Coca-Cola.

Ama kuhusu mafuta ya wanyama, wasiwasi huu haukuanza na Waislamu. Katika miaka ya 1930 rabi mmoja wa Kiyahudi wa Atlanta, Tobias Geffen, aliulizwa na watu wake kama kinywaji hiki kinaruhusiwa katika dini yao. Aliulizia, akagundua kuwa kilikuwa na gliserini iliyotokana na mafuta ya wanyama. Hakuinamisha kichwa wala hakuishia kunung'unika. Aliizungumza na kampuni, nayo ikabadilisha ikatumia gliserini ya mimea, naye akatoa fatwa yake mwaka 1935. Hapa kuna funzo: kampuni kubwa husikiliza pale wanunuzi wanapouliza kwa ilimu.

Kuhusu pombe, mwaka 2012 uchunguzi wa Ufaransa ulipima kola 19 za aina mbalimbali, na takriban nusu yake zikakutwa na chembe ya pombe, kiasi cha miligramu 10 katika lita moja. Chembe za namna hiyo hupatikana pia katika matunda yaliyoiva. Wanachuoni wengi wa zama zetu wanaona kwamba kilichozama kabisa ndani ya kitu halali, pasi na kubaki ladha, harufu wala athari yake, hakikiharamishi kitu hicho. Na kanuni ya Hadiyth kwamba kinacholevya kwa wingi ni haramu hata kwa uchache haigusi hapa, kwani mtu hata akinywa kreti zima la soda hatalewa. Tumbo ndilo litakalomshitaki.

Linalohitaji macho zaidi ni rangi nyekundu. Ukiona E120 kwenye karatasi ya chupa, hiyo ni rangi itokanayo na wadudu, na wanachuoni wengi wa madhehebu ya Shaafi'iy wanaizuia. Ukiona E122, hiyo hutengenezwa kiwandani na si ya wadudu.

Jina moja, soda mbalimbali

Wengi hudhani soda ni ile ile dunia nzima. Sivyo. Kampuni mama huuza kiini cha ladha, na kiwanda cha kila eneo huongeza maji, sukari na gesi. Soda tuliyokunywa Ngorongoro ilitoka upande wa Moshi, ambako kampuni ya Bonite hujaza kwa ajili ya mikoa ya kaskazini. Sisi wa Visiwani tunahudumiwa na Coca-Cola Kwanza yenye makao yake Dar es Salaam. Marekani, tangu miaka ya 1980, hutumia sharubati ya mahindi badala ya sukari ya miwa. Na ile Stoney Tangawizi ambayo wazee wetu huipenda kwa mafua, ni ya Afrika. Ulaya wengi hawaijui.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa Uingereza. Aprili 2018 serikali yao ilianza kutoza kodi vinywaji vyenye gramu 5 za sukari au zaidi katika mililita 100. Fanta ya kule ikapunguzwa sukari ikawa chini ya kiwango hicho. Jina halikubadilika, wala watoto wa kule hawakuacha kuinywa. Basi geuza chupa ya Fanta iliyo mezani kwako, usome, kisha ulinganishe. Ikiwa inawezekana kupunguza kwa ajili ya watoto wa London, kwa nini isiwezekane kwa watoto wa Chake Chake na Karatu?

Vipi inatufikia?

Barabara ya lami kutoka Makuyuni hadi getini ilileta watalii, na ilileta magari ya soda pia. Muuza duka hupewa friji yenye nembo, ukuta wake hupakwa rangi, na kreti humfikia mlangoni. Kuna vijiji vya Karatu ambavyo mama hutembea mbali kutafuta maji safi, lakini soda baridi ipo jirani. Hilo peke yake lilitosha kutufikirisha.

Yapo pia yale ya zawadi chini ya kizibo. Wanachuoni kadhaa wa sasa wanasema: ukinunua soda kwa haja yako na kwa bei yake ya kawaida, kisha ukapata zawadi, hakuna ubaya. Lakini ukinunua chupa juu ya chupa kwa ajili ya kizibo tu, hapo umeingia kwenye kamari. Wazazi wawaangalie watoto wao.

Na mwezi wa Ramadhwaan, sote tunaona matangazo ya familia imekaa kwenye mkeka, adhana inaadhiniwa, na chupa ipo katikati ya tende.

Halali na twayyib

Katika Suwratul-Baqarah, Aayah ya 168, Allaah (Subhaanahu wa Ta'aalaa) Ametuamrisha kula vilivyo halali na vilivyo vizuri, mambo mawili pamoja. Sisi tumelishika la kwanza, la pili tumeliacha. Kwa kipimo cha kawaida, Coca-Cola ina gramu 10.6 za sukari katika mililita 100. Chupa ya mililita 350 ina gramu 37, yaani zaidi ya vijiko tisa vya chai. Shirika la Afya Duniani linashauri kwamba ni bora mtu mzima asizidishe kama gramu 25 kwa siku nzima. Chupa moja ya futari imeshapita hapo, bado hatujafika kwenye kaimati, visheti na chai.

Nani kati yetu hana mama, mjomba au jirani mwenye kisukari? Tunawapeleka hospitali asubuhi, na jioni tunawawekea soda mbele yao kwa jina la heshima.

Hukumu yetu basi ni hii: soda kwa asili yake ni halali, madhali haina kilichothibiti kuwa ni haramu. Anayeinywa mara moja moja hana lawama. Lakini kuifanya ndiyo kinywaji cha kila siku, cha mtoto wa chuoni, cha mgonjwa na cha kila mgeni, ni kujidhuru, na dini yetu haikuruhusu kujidhuru wala kuwadhuru wengine.

Tuanze futari kwa tende na maji, kama alivyofundisha Mtume (Swalla Allaahu 'alayhi wa aalihi wa sallam). Harusini tuweke madafu, au juisi ya ukwaju na ya tungule kwa sukari kidogo. Mgeni hatatuona mabakhili. Na tunapoalikwa na watu wasiokuwa wa dini yetu, tuseme mapema na kwa upole: sisi maji yanatutosha, na maziwa tunayapenda. Tungelisema hivyo Ngorongoro, yule kijana asingelitembea saa nzima, mwenyeji wetu asingelitoa fedha zake, nasi tungelikunywa kinywaji ambacho Mtume wetu alikipenda na akakiombea baraka.

Wa Allaahu A'lam.